Maziwa Yakilala

Nilikwenda kwenye lile shamba la jibini kusema hapana. Sizunguki. Dada yangu alishaniambia, pini zikiwa bado mdomoni: "Twende ukaone, ukaonje, halafu useme. Ukisema ndiyo, naolewa. Ukisema hapana, yameisha, wala sitakuuliza kwa nini." Kisha akainama akaendelea kushona. Yeye ni fundi cherehani. Akishasema kitu, ujue kitambaa kimeshakatwa.

Mtu mwingine akipewa neno zito namna hiyo angekosa usingizi. Mimi wala. Nilishachagua langu kabla hajatema pini.

Mama yetu alifariki mimi sijamaliza kuota meno, baba akaenda kutafuta kazi na mpaka leo anaitafuta. Dada ndiye aliyenilea. Wanaume walikuja kumposa, yeye akawa anawauliza swali moja, "Na huyu?", kidole kwangu, na wao ghafla wanakumbuka wana shughuli mahali. Tunakaa vyumba viwili, cha mbele cherehani, cha nyuma mimi. Tangu nina akili zangu nimelala kwa sauti ya ile cherehani na nimeamka kwa sauti ile ile. Shule niliiacha njiani. Kazi nimeshika nyingi zikaniponyoka: gereji, matofali, matairi, sasa nabeba mizigo kwa pikapu ya mtu. Sikai mahali. Dada ananiita Kiroboto, na jina limeninata kuliko kazi zote.

Huyo mwanaume alianza kama mteja. Jibini huchujwa kwa vitambaa, na vitambaa hivyo lazima vishonwe na mtu anayejua, pindo litazame nje ili uzi usiache alama. Akaja kuagiza, akaridhika, akarudi. Akarudi tena. Kwa vitambaa alivyonunua angeweza kuwavisha ng'ombe wake wote na bado wakabaki na nguo za sikukuu. Ana nywele nyeupe upande mmoja tu wa kichwa, kama mtu aliyelalia unga, basi mimi nikampa jina la Mvi. Mke wake alifariki zamani. Anaishi na mama yake na mdogo wake hapo hapo shambani, wanakamua, wanagandisha, na siku za mapumziko wanakaribisha watu kutembea na kuonja. Dada akatuandikisha kama wageni wengine.

"Sitaki akuchinjie kuku," alisema. "Nataka umwone siku yake ya kawaida."

Tulifika ukungu bado uko chini. Nilizima pikapu, na kile kimya kikaniingia masikioni kama maji. Ng'ombe walikuwa wanatoka zizini kwenda malishoni, unaona migongo, huoni miguu, wanaelea tu, mmoja baada ya mwingine, halafu ukungu unawameza na kengele zao zinabaki peke yake hewani. Harufu ya samadi, ya majani yaliyolowa, na ya maziwa ya moto juu yake. Changanya hizo tatu unapata kitu kama usingizi. Mimi usingizi wa mchana siujui, nikapiga miayo nikakasirika.

Wageni wengine walikuwa watatu. Wachumba wawili waliovaa fulana za kufanana, wameshikana mikono kama wanaogopa kuibwa. Na mwoka mikate mmoja, mtu wa tumbo na kicheko, amekuja na mkate wake kwapani.

"Mkate wa watu siuamini," akatuambia.

Mama yake Mvi alitupokea mlangoni. Ni mdogo wa umbo, amevaa buti za mpira na aproni iliyomfika kwenye vifundo vya miguu. Akatugawia aproni na kofia nyeupe, akanisimamisha kwenye beseni.

"Nawa mikono."

Nikanawa.

"Nawa tena, baba. Hiyo ya kwanza ulikuwa unaisalimia tu."

Mwoka mikate akacheka. Dada akatazama dari. Mimi nikanawa, moyoni nikahesabu: mama mkwe ana mdomo. Sababu ya kwanza hiyo.

Chumba cha maziwa kilikuwa cheupe chote, kuta, dari, hata mwanga wa dirishani. Katikati tangi la chuma, refu kama kitanda, limevikwa mbao kwa nje ili joto lisikimbie. Maziwa yalikuwa yamejaa karibu na ukingo, mvuke unatambaa juu yake polepole. Mvi alikuwa amesimama kando, mikono wazi hadi viwiko. Alimsalimia Dada kwa kichwa, "Fundi", basi, kama mtu anayepitisha kitu chini ya meza. Mimi akanipa mkono uliolowa.

"Karibu, shemeji."

"Bado," nikamwambia.

"Haya. Karibu, bado."

Wachumba walicheka. Mimi sikucheka, lakini ilibidi niume shavu.

Akamimina dawa ya kugandisha, kidogo sana, kijiko kwa tangi zima, akakoroga kwa ubao mrefu. Halafu akafanya kitu ambacho sikukitegemea. Aliusimamisha ubao katikati ya yale maziwa yanayozunguka akaushikilia hapo hapo, hatikisiki, mpaka mzunguko ukachoka, ukapungua, ukafa. Akauchomoa taratibu kama mtu anayetoa mkono wake chini ya kichwa cha mtoto. Maziwa yakatulia. Nikaona dirisha lote ndani yake, na wingu linapita.

"Yamelala," mama yake akasema, na sauti yake yenyewe ikashuka.

Hapo ndipo shamba zima lilibadilika. Sijaona jambo kama lile. Mama Mvi akavua buti, akatuashiria na sisi tuvue. Nje mdogo wake Mvi akazima pampu. Mbwa aliyekuwa anatubwekea tangu getini akajilaza mwenyewe, kidevu juu ya miguu. Na milango, mlango mmoja mmoja, ilikuwa na kitambaa kimekunjwa kwenye bawaba usigonge. Mishikio ya ndoo imezungushiwa kitambaa. Komeo la geti, kitambaa. Nikaangalia pindo. Linatazama nje. Kumbe ndiko zilikokuwa zinaishia kazi za dada yangu.

"Ukilitikisa tangi sasa hivi," Mvi akanong'ona, "mgando unapasuka kabla haujashikana. Ukishapasuka haurudi. Tunangoja tu."

"Tunafanya nini tukingoja?" nikauliza.

"Hakuna."

"Hakuna kabisa?"

"Watu huona kazi hii ngumu," akasema mama yake. "Ngumu ni hapo."

Wageni wakapelekwa barazani kukaa kwenye mikeka. Haikuchukua muda wachumba wakaegemeana, vichwa viwili fulana moja. Mwoka mikate akaukumbatia mkate wake akaanza kukoroma kwa adabu. Dada alibaki chumba cha maziwa, alikuwa ameona kitambaa kimefumuka pindo akaomba sindano. Mimi nikakaa. Nikasimama. Nikakaa upande wa pili. Mguu wangu ukaanza kucheza wenyewe, Mama Mvi akanishika goti akiwa amefumba macho.

"Kijana. Ardhi nayo inasikia."

Mvi akaniokoa. Akanipungia mkono nimfuate, tukatembea pekupeku kwenye nyasi hadi ghala la jibini, lililochimbwa nusu ndani ya kilima. Mlango mfupi.

"Mtaka cha uvunguni," akaanza.

"Nimeshainama," nikasema.

Ndani kulikuwa na baridi na giza la bluu. Rafu za mbao toka chini hadi juu, na juu yake jibini, duara kwa duara, nyingine nyeupe, nyingine rangi ya asali, za nyuma kabisa zina ganda la kijivu kama mawe ya mtoni. Macho yalipozoea nikaona kama miezi mingi imekuja kujificha humo mchana. Mvi alikuwa anazigeuza moja moja, ya juu chini, anazipangusa kwa maji ya chumvi. Moja akaigonga kwa kifundo cha kidole akaitegea sikio, kama mtu anayebisha hodi kwa ndugu na hataki kumwamsha.

"Dada yako ameniambia wewe ndiye mwenye neno," akasema bila kugeuka.

"Ndiyo."

"Basi uliza."

"Unakunywa?"

"Maziwa."

"Usinifanyie utani."

"Pombe sinywi. Ujanani nilijaribu, nikalala zizini, ng'ombe wakanilamba uso mpaka kukacha. Nikaona hizo salamu zinatosha."

"Unapiga?"

"Hapana."

"Wote wanasema hapana."

"Ni kweli," akasema. "Hilo huwezi kulijua kwa kuuliza."

Jibu lile lilinikera. Nilikuwa nimejipanga kwa mtu wa kujitetea, nimbane, apandishe, nipate sababu nyingine. Huyu unamsukuma, hakuna ukuta.

"Sasa unamtakia nini dada yangu? Aoshe masufuria? Vitambaa anakushonea tayari."

Akaiweka jibini chini. Akafikiri muda mrefu, mpaka nikasikia tone la maji likianguka huko nyuma.

"Nataka akae," akasema.

"Akae tu?"

"Akae tu. Akija kuleta kazi namwambia kaa kidogo, anasema haya, anakaa amesimama. Sijawahi kumwona amekaa akatulia."

"Hata nyumbani hakai," nikasema, na palepale nikajuta, kama nimemfungulia mtu mlango wa chumbani kwetu.

Alifuta mikono, akasema anakwenda kuyatazama maziwa, nisitoke kama napenda baridi. Akaondoka.

Nikabaki na miezi yangu. Nitasema ukweli, sijui humo ndani niliingiwa na nini. Ukisimama pale kimya unaanza kusikia kitu, si sauti, ni kama pumzi, kama chumba chenye watu wengi wamelala na wewe ndiye peke yako uliye macho. Nikaona chumba chetu cha mbele bila cherehani. Alama nne za miguu ya cherehani sakafuni, mahali sementi ilipobaki mpya, na kiti. Na mimi naingia jioni nawasha taa mwenyewe, nasema nimerudi, namwambia nani. Nikasema basi, naenda kumchukua. Namshika mkono namwambia twende, jibu ni hapana, na njiani namnunulia soda. Kwa nini hataniuliza, alishaahidi.

Nikatoka, nikakata nyasi pekupeku, nikafika mlango wa chumba cha maziwa. Ulikuwa nusu wazi. Nikaingiza jicho kwanza.

Dada alikuwa amelala.

Alikuwa ameketi kwenye kibenchi kando ya tangi, kichwa kimeegemea zile mbao zenye joto, kofia imemwangukia sikioni. Sindano iko kwenye kitambaa, kitambaa magotini, mkono umefunguka. Mdomo wazi. Na alikuwa anakoroma, kidogo, kama cherehani ya mbali ikishona kitu laini. Mimi nimekaa na huyu mtu maisha yangu yote. Nikilala namwacha macho, nikiamka namkuta macho. Uso wake ukiwa umelala nilikuwa siujui. Ulikuwa mdogo. Ulikuwa wa msichana fulani ambaye sijawahi kukutana naye.

Mvi alikuwa upande wa pili wa tangi. Mkononi ameshika ile fremu yenye nyuzi nyembamba za chuma wanayokatia maziwa yakishaganda. Alichovya kidole, akakiinua, mgando ukapasuka msafi, mistari miwili iliyonyooka. Hata mimi nisiyejua kitu nilielewa kwamba ni sasa. Akainua fremu. Akaitazama. Halafu akamtazama Dada na kile kichwa kilichoegemea mbao. Fremu ikiingia itagonga pande zote, tangi litatetemeka kutoka mwanzo hadi mwisho.

Akaishusha fremu akasimama nayo.

Nikadhani anavuta pumzi. Hapana. Alisimama. Wingu lilipita kwenye dirisha, mwanga ukaenda ukarudi, naye yuko pale pale. Hakujua niko mlangoni, alinipa upande ule wenye nywele nyeusi. Mara moja moja anachovya kidole, na kila akikiinua mgando unazidi kuwa mzito, haupasuki tena vizuri, unavunjika kama tofali bichi. Anakitazama kidole. Anarudi kusimama.

Mlango wa upande wa pili ukafunguka, mama yake akaingia. Akaliona tangi, akaona fremu, akaona kibenchi. Akamwendea mwanawe kwa vidole vya miguu, na wakaanza kugombana kwa minong'ono.

"Maziwa yanapita."

"Najua, Mama."

"Kata."

"Nitakata."

"Ukingoja utakata mawe."

"Basi nitakata mawe."

"Tangi zima?" Mikono yake ilikuwa inapiga kelele ambazo mdomo haukuweza. "Tangi zima, kwa usingizi wa mtu? Mwamshe, ni mtu, hatavunjika. Baba yako siku nashikwa na uchungu wako alikata kwanza, ndiyo akaenda kumwita mkunga."

"Ndiyo maana nimezaliwa na mvi."

Mama akamtazama dada yangu tena, muda kidogo. Halafu yule bibi akafanya kitu: akaenda akaivuta ile kofia polepole isimzibe Dada pua, akarudi akasimama karibu na mwanawe, mikono kifuani, wawili wanayatazama maziwa yao yakiharibika.

Nilikuwa na kikombe cha bati mkononi, sijui nilikiokota wapi, pengine ghalani. Nilikuwa na uwezo wa kukiachia. Kikombe kimoja sakafuni na mambo yote yanaisha: Dada anaamka, maziwa yanapona kidogo, mimi namshika mkono twende. Mkono wangu ulikuwa umeshalegea. Lakini niliendelea kumtazama yule msichana aliyelala, nikajikuta nakikamata kikombe kwa mikono miwili. Nikasimama. Mguu mmoja ukaanza kufa ganzi, nikauacha ufe. Nzi akatua puani. Nikamwacha atembee. Nadhani sijawahi kusimama namna ile tangu nizaliwe. Chumba cheupe, mvuke umekwisha, watu watatu tumesimama tunamlinda mmoja anayekoroma, na wala hatujakubaliana.

Mwisho ng'ombe mmoja alilia huko malishoni, mlio mrefu, Dada akashtuka. Akajifuta mdomo.

"Nimelala?"

"Kidogo tu," Mvi akasema.

"Nimewachelewesha?"

"Maziwa yenyewe ndiyo yanaamka sasa."

Mama yake akapumua kwa pua kama ng'ombe, akatoka kwenda kuita wageni.

Tukarudi wote kutazama. Ilikuwa aibu, nisifiche. Fremu haikuingia, ilibidi Mvi ailalie kwa kifua, nyuzi zinalia, mgando unakatika vipande vya kila umbo, vingine kama ngumi, vingine kama makombo. Wachumba walipiga picha.

"Imekuwaje?" mwoka mikate akauliza. "Mara iliyopita ilikatika kama keki."

"Nimesahau muda," Mvi akasema.

"Amesahau," mama yake akasema, akiongea na dari. "Leo mnafundishwa namna ya kukosea. Siku nyingine hatuoneshi."

Dada aliingiza vidole, akaokota kipande, akakibonyeza. Hakikubonyea. Nikaona uso wake ukifunga, ule uso wake wa kazini, anaoufanya mteja akirudisha gauni.

Tulionja nje, kwenye meza ndefu ya mbao, vipande viko kwenye ubao na maji ya kunywa katikati. Jua lilikuwa limetoboa ukungu hapa na pale, mtu unamwona ng'ombe mmoja ameng'aa na mwenzake bado ni kivuli. Ya kwanza ilikuwa changa, inalia kwenye meno. Ya pili tamu kwa mbali, kama njugu. Ya tatu kongwe.

"Ladha yake ni ya kipekee sana," akasema yule msichana wa fulana.

"Inanuka soksi," nikasema.

Mama Mvi akanigeukia. "Soksi ya nani?"

"Yangu."

"Basi una miguu mizuri. Tafuna, usimeze."

Nikatafuna. Chumvi kwanza, halafu uchungu, halafu ikatulia. Halafu kikaja kitu, sijui niseme vipi, mimi si mtu wa maneno ya kupamba. Kulikuwa na sanduku nyumbani, la bati, lenye nguo za mama. Nilikuwa naingiza kichwa humo nikiwa mdogo. Mama mwenyewe simkumbuki, uso wala sauti, nakumbuka giza la lile sanduku na harufu yake. Ile jibini ilikuwa inatokea huko. Nilifumba macho, meza ikaelea kidogo, wakaelea wote, na niliporudi mwoka mikate alikuwa ananisogezea mkate.

"Weka hapa juu," akasema. "Wewe si wa kwanza kuondoka."

Dada hakuonja ya tatu. Alisimama, akaniita kwa kidevu, tukaenda mpaka kwenye pikapu. Akaegemea mlango. Yaani alikaa amesimama.

"Haya, Kiroboto. Umeona, umeonja."

"Nimeona."

"Najua utasema nini. Sema tu, usiogope." Alikuwa anazungusha pete yake ya kushonea kidoleni, hanitazami. "Hata mimi leo nimeona. Mtu anasahau kazi aliyozaliwa nayo, tangi zima, mbele ya wageni. Aliyesahau maziwa leo kesho atanisahau mimi. Kwa hiyo ukisema hapana wala usidhani umenikosesha. Nitakushukuru."

Ndivyo alivyosema. Neno langu alikuwa ameniwekea kwenye sahani, tena amelikata vipande. Nilichotakiwa kufanya ni kufungua mdomo. Wala si uongo. Hapana si uongo, ni hapana. Nikamwona Mvi huko mlangoni amebeba ndoo ya maji ya jibini, anatutazama, akaona nimemwona, akaingia ndani.

"Ni mbali hapa," nikasema.

"Najua."

"Na mama yake ana mdomo."

"Najua."

"Na hakusahau."

Pete ikasimama.

"Nilikuwa mlangoni," nikasema. "Maziwa yaliiva, akashika lile dude lake la nyuzi, akakuona umeegemea tangi. Akikata utaamka. Basi hakukata. Mama yake amemgombeza kwa minong'ono mpaka mishipa imemtoka, hakukata. Ameyaangalia yanaoza, amesimama kama nguzo. Kwa sababu ulikuwa unakoroma."

"Mimi sikoromi."

"Unakoroma, Dada. Mimi mwenyewe nimejua leo."

Alitazama kule kwenye chumba cheupe, halafu akatazama mikono yake, ndani na nje, kama ya kuazima. Nikadhani atalia, nikajiandaa kuangalia tairi.

"Kwa hiyo?" akauliza.

"Kwa hiyo olewa."

"Na wewe?"

"Mimi nitaunguza wali. Kuna watu wanakufa kwa mambo mabaya zaidi."

Akanipiga kofi la bega, si la utani sana, halafu mkono ukabaki hapo hapo begani. Tulikaa hivyo. Sijui kwa muda gani, hakuna aliyekuwa na haraka na mimi sikumkumbusha.

"Wewe mlaini, baba," Mama Mvi akaniita kutoka mlangoni, mikono kiunoni. "Wewe mwenye soksi. Una nguvu?"

"Zipo."

"Njoo. Hii takataka ya mwanangu haishikani kwa mashine, inataka watu."

Nikaingia. Nikanawa mara mbili bila kuambiwa. Kalibu za mbao, za kuipa jibini umbo, zilikuwa zimepangwa mezani, zimetandikwa vitambaa, Mvi anajaza vile vipande vikaidi kwa mikono. Akanipa nafasi upande wake. Hakuniuliza nimesema nini. Mimi sikumwambia, nilimwona Dada akipita nyuma yetu, akavuta kibenchi, akakaa. Mvi naye alimwona. Mikono yake ilisimama kidogo juu ya kitambaa, halafu ikaendelea.

"Kandamiza," akaniambia. "Taratibu, lakini usiachie."

Nikaegemeza uzito wangu wote. Maji ya jibini yakatoka pembeni, ya vuguvugu, yakateremka mezani, yakatumiminikia miguuni. Mlaini ni mwanao, nikataka kumwambia yule bibi, lakini nikaendelea kuegemea. Tulikandamiza bega kwa bega, yeye moja mimi moja, mpaka yale maji yakawa matone, na matone yakaacha.